Meno Niliyoona Haya Kuyaomba

Iko siku moja, mwanangu, naikumbuka kuliko hata siku ya ndoa yangu. Ilikuwa asubuhi, kwenye barabara ya kutoka Butembo kwenda Beni, wakati wa vita. Kamioneti yetu ilisimamishwa kwenye kizuizi, na mwanajeshi akaniuliza swali ambalo mtoto wa miaka mitatu anaweza kulijibu: unatoka wapi? Nami nikashindwa. Si kwamba sikujua ninakotoka. Nilijua sana. Ila mdomoni mwangu mlikuwa na meno ya mtu mwingine.

Nakueleza habari hii kwa sababu nimekuona. Jumapili iliyopita, baada ya ibada, mtu alikuchekesha, ukacheka, halafu mkono wako ukapanda haraka ukafunika mdomo. Ule mkono naujua. Mimi niliufanya hivyo miezi minane. Basi keti hapa karibu nami nikusimulie tangu mwanzo, maana kosa langu halikuanzia kwenye kizuizi.

Nimezaliwa Luofu, kusini ya Lubero, kwa watu wa kulima. Baba yangu alikuwa na shamba kubwa la maharagwe na viazi, na wapita njia walikula kwetu bila kuulizwa jina. Nilikuwa na miaka ishirini na miwili vita ilipotufikia. Tulikimbia juu ya lori lililobeba magunia. Tulipokuwa tunaiacha Kanyabayonga, risasi zikalia nyuma ya kilima, dereva akaongeza mwendo ghafla, nami niliyekuwa nimekaa juu kabisa nikaanguka chini, uso ukapiga mawe. Nilipoinuliwa nilikuwa mzima wa mikono na miguu. Meno manne ya mbele, ya juu, hayakuwepo tena. Watu wakaniambia, shukuru Mungu. Nikashukuru. Lakini msichana wa umri ule anashukuru akiwa amefunga mdomo.

Butembo tulipokelewa na shangazi yangu, mama mwenye nyumba ndogo na moyo mkubwa. Baada ya muda nikapata kazi ya kufundisha mwaka wa kwanza katika shule ya kanisa, maana watoto wakimbizi walikuwa wengi kuliko walimu. Nilifurahi sana. Halafu tukafika kwenye herufi F.

Jaribu mwenyewe, mwanangu. Sema "fa" bila meno ya juu kugusa mdomo wa chini. Unaona? Inatoka "pa". Nilisimama mbele ya watoto sitini, nikaandika ubaoni fa, fe, fi, fo, fu, nikasoma kwa sauti, na wao kwa heshima yote wakanirudishia: "Pa! Pe! Pi! Po! Pu!" Kwenye vibao vyao wakaandika "pasi" badala ya "fasi", yaani mahali. Hawakunicheka. Heri wangenicheka. Waliniamini.

Directeur wetu, mkuu wa shule, Mzee Kambale, alikuwa anapita dirishani. Alikuwa mtu mpole, hakuvua kofia yake ya sufu kwa sababu ya baridi ya Butembo. Aliniita ofisini kwake, akafunga mlango.

"Masika, batoto banasoma vile unasema. Hapana kosa yabo. Hapana kosa yako pia. Lakini tutafanya nini?"

"Sijui, Directeur."

"Mimi najua. Kule Beni, nyuma ya hopitali, kuko atelier ya meno. Banafundisha vijana kazi ya kutengeneza dentier, meno ya kuvaa, donc banatafuta watu ba kujifunzia. Mutu akileta attestation d'indigence, hapana lipa kitu. Enda kwa chef de quartier akuandikie."

Hiyo attestation ni karatasi tu. Chef de quartier, mkuu wa mtaa, anaandika jina lako, anashuhudia kwamba huna uwezo, anapiga muhuri. Basi. Lakini mimi nilisikia neno moja peke yake, indigent, likanichoma. Binti wa mtu aliyelisha wageni, aandikwe maskini na muhuri juu yake! Nikaona macho ya watu kwenye benchi ya ofisi. Nikaona shangazi anasikia habari hiyo sokoni.

"Merci, Directeur," nikasema. "Nitajipanga mwenyewe."

Wiki iliyofuata alimpa mwalimu mwingine darasa langu, mimi nikapewa kazi ya kupiga kengele na kuandika majina ya watoto waliochelewa. Sikumlaumu. Lakini kila asubuhi nilisikia wale watoto, kupitia ukuta wa mbao, wakisoma herufi zao na mtu mwingine.

Ndipo nikasikia kwamba shule moja ya Beni inatafuta mwalimu, na wenye kutaka wajionyeshe siku ya Alhamisi. Nikajiambia: pale hawanijui. Nikiwa na meno, nitaanza upya. Na wakati ule alikuwepo mtu sokoni, katikati ya wauza viatu vya mtumba, watu walimwita Docteur. Sijui nani alimpa jina hilo. Alikuwa na beseni ya maji, na ndani ya maji meno ya kuvaa, kumi au zaidi, ya juu na ya chini, yamelala kama samaki.

"Chagua ile itakuingia," akaniambia.

Sikumuuliza yametoka wapi. Mwanangu, nakuomba usimcheke bibi yako: sikuuliza kwa sababu nilijua jibu litanizuia kununua. Yalikuwa yamevaliwa. Yalikuwa na rangi ya chai. Akachukua moja, akaisugua kwa tupa, ileile ya kunolea majembe, akakunja nyaya mbili ndogo ziwe ndoano za kushika meno yangu mazima, akasukuma kwa kidole gumba mpaka nikaona nyota. Nilimpa kitenge changu kipya, kilichokuwa bado hakijashonwa. Akanipa kioo. Niliona meno makubwa, ya mwanaume nafikiri, lakini pengo lilikuwa limefungika. Nikatabasamu kwenye kioo cha yule mtu kama mjinga.

"Itauma kidogo," akasema, "halafu itazoea."

Haikuzoea. Siku ya pili ufizi ukavimba. Siku ya tatu shavu la kushoto lilikuwa limeinuka, na mdomo wangu ulinuka kiasi kwamba mimi mwenyewe nilijigeuzia uso. Nilikunywa uji tu. Nililala nayo, kwa kuogopa kwamba nikiyatoa hayatarudi. Na Alhamisi nikapanda kamioneti.

Kando yangu alikaa mama mmoja wa Beni, Mama Katungu, muuza samaki wakavu, mwenye miaka sitini hivi. Aliniangalia tangu tulipotoka Butembo.

"Uko mugonjwa?"

Nikatikisa kichwa. Sikutaka kufungua mdomo.

Wiki ile kulikuwa na mapigano vijijini kando ya barabara. Wanajeshi wa kwenye kizuizi walikuwa na hofu, na mwanajeshi mwenye hofu ni mbaya kuliko mwenye hasira. Walitafuta wapelelezi. "Bokita!" wakapiga kelele kwa Lingala, shukeni, nasi tukashuka wote tukapangwa mstari kando ya mtaro. Mbele yangu kulikuwa na mwanaume aliyevaa koti la kijani. Hakuwa na karatasi yoyote. Alijaribu kueleza, wakamshika mkono, wakamzungusha nyuma ya kibanda. Hatukusikia kitu. Tulisimama tunasikiliza, na hatukusikia kitu. Mpaka leo sijui yaliyompata.

Ikawa zamu yangu. Mwanajeshi alikuwa kijana, macho mekundu ya kukosa usingizi. Nikampa kadi yangu ya shule. Kwenye picha nilikuwa mwembamba, mdomo umefungwa, midomo imeingia ndani kidogo. Mbele yake alisimama mtu mwenye shavu kama ndizi iliyoiva sana na meno yanayosukuma mdomo nje.

"Huyu hapana weye."

Nikaitikia kwa kichwa kwamba ni mimi.

"Hauna kinywa? Unatoka wapi?"

Nilitaka kusema Luofu. Lile dude mdomoni likateleza, ulimi ukakosa nafasi. "Luopu."

"Wapi?"

"Lu... opu."

Akamgeukia mwenzake, kijana wa huku kwetu aliyekuwa pamoja nao. "Weye wa huku, kuko fasi inaitwa Luopu?"

"Hapana. Sijasikia."

"Sikia vile anasema. Ni mutu ya mbali." Akarudi nyuma hatua moja, bunduki ikainuka ikanielekea kifuani. "Loba malamu!" Sema vizuri.

Nikajaribu mara ya tatu. Ikawa mbaya zaidi. Nyuma yangu Mama Katungu akasema kwa sauti ya chini, "Toa ile meno, mwanangu. Toa."

Na hapa ndipo palipo na aibu yangu ya kweli, wala siifichi. Nilisita. Bunduki iko kifuani, mtu amepelekwa nyuma ya kibanda sasa hivi, nami nilikuwa nawaza dereva ataona pengo langu. Nilikuwa nawaza wale vijana wawili waliokaa nyuma ya kamioneti. Kama yule kijana angefyatua risasi wakati ule, ningekufa kwa ajili ya hilo, na hakuna mtu angejua.

Mama Katungu akatoka kwenye mstari. Hilo peke yake lilitosha kumuua. "Chef!" akasema kwa nguvu. "Muache mutoto. Meno yake ni ya uongo, haimutoshe, njo sababu anasema vile. Ni mwalimu ya batoto, kadi yake inasema."

"Aonyeshe!"

Nikaingiza vidole. Ndoano moja ilikuwa imezama ndani ya ufizi. Nikavuta, haikutoka. Nikavuta tena, ikatoka pamoja na nyama, na damu ikashuka kidevuni mpaka kwenye blauzi nyeupe niliyoipiga pasi kwa ajili ya Beni. Nikasimama pale mbele ya watu kumi na watano, mdomo wazi, lile dude mkononi.

Kijana akaangalia picha. Akaniangalia. Mdomo wangu sasa ulikuwa umerudi ndani, kama kwenye picha.

"Unatoka wapi?"

"Luopu," nikasema, damu ikitoka.

"Luofu," yule mwenzake akasema taratibu. "Anasema Luofu. Iko, kule Lubero."

Bunduki ikashuka. Kijana akayagusa yale meno kwa ncha ya bunduki yakaanguka mtaroni, kwenye maji machafu. Wengine wakacheka. Yeye hakucheka. "Panda," akasema.

Kamioneti ikaondoka. Mama Katungu alinipa kipande cha kitambaa nikauma. Alipoona damu inapungua akaanza kunigombeza, maana yeye pia alikuwa ameogopa.

"Weye, akili yako iko wapi? Mutu anakulenga bunduki, weye unawaza uzuri? Meno ile ulitoa wapi?"

"Soko."

"Na ju ya nini haukuenda kwa benye banajua?"

Nikamwambia habari ya Directeur na ile karatasi. Nikamwambia neno lile, indigent. Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasukuma kwa ulimi, na safu nzima ya meno yake ya juu ikachungulia nje ya midomo, mazuri, madogo, nami kwa safari yote sikuwa nimetambua. Akayarudisha.

"Ya Beni. Nyuma ya hopitali. Nilibeba karatasi yangu, nikaketi kwenye mustari na batu bengine. Ule muhuri ulinikata mukono?"

"Hapana, Mama."

"Weye uko tajiri? Uko na nyumba? Uko na shamba leo?"

"Shamba iko, kwetu."

"Iko kwenu, na askari balikaa juu yake. Leo hauna. Kusema ukweli ya leo hapana haya, mwanangu. Haya ni ile ulifanya pale, kuchagua kufa sababu ya macho ya dereva."

Dereva, masikini, alijifanya hasikii.

Nilikwenda kwenye ile shule hivyohivyo, na blauzi yenye damu. Mchungaji aliyetupokea alinipa maji na kiti, akaniombea, na kazi akampa mwingine. Sikushangaa. Mama Katungu alikuwa ananisubiri nje, akanipeleka hospitali mwenyewe.

Atelier ilikuwa chumba kimoja chenye meza ndefu, harufu ya plasta na nta, na vijana watatu wenye makoti meupe yenye madoa. Mwalimu wao, Monsieur Paluku, alinifungua mdomo karibu na dirisha, akautazama ufizi.

"Nani alikutenda hivi?"

Nikamweleza.

"Kuko muzizi ya jino ulibakia ndani, ulioza. Yeye akaufunika juu. Ungengoja wiki moja tena, tungesema habari ya mufupa, hapana ya meno." Wakautoa ule mzizi siku hiyohiyo, wakanisafisha, wakanionyesha jinsi ya kusukutua kwa maji ya chumvi. Kisha akasema ufizi lazima upone kwanza, wiki sita. "Halafu urudie na attestation yako. Ya quartier fasi unaishi."

Fasi ninayoishi ilikuwa Butembo. Unaelewa maana yake? Karatasi niliyokataa kuifuata kwa miguu, robo saa kutoka nyumbani kwa shangazi, sasa ilikuwa imenipitisha kwenye kizuizi kile mara moja, na ingenipitisha mara ya pili, ya tatu na ya nne. Nilirudi. Nakuambia tu kwamba nilirudi, mpaka nyumbani kwa shangazi.

Kwa chef de quartier nilikaa kwenye benchi kati ya mzee mmoja na mama aliyebeba mtoto. Hakuna aliyenitazama, kila mmoja alikuwa na shida yake. Chef aliniuliza jina, jina la baba, nyumbani tuko wangapi, natafuta nini. Akaandika, akapiga muhuri, akaniambia pole na safari. Sufuria ya maharagwe isingeweza hata kuchemka kwa muda ule. Nilikuwa nimeziogopa dakika zile tangu siku ile ofisini kwa Directeur.

Wiki sita zilipokwisha nikapanda tena kamioneti, nikiwa na pengo langu na karatasi yangu. Kizuizi kilikuwepo. Kijana alikuwa yuleyule. Sijui kama alinitambua. Akafungua karatasi, akaisoma kwa sauti mbele ya abiria wote, akikata neno vipandevipande. "In-di-gent. Ni nini?"

"Ni mutu hana kitu."

"Ni weye?"

"Njo mimi," nikasema.

Akakunja karatasi vizuri, akanirudishia. Nikapumua.

Nilikaa Beni karibu mwezi mzima, nikilala kwa Mama Katungu na kumsaidia kupanga samaki wake. Aliyenitengenezea meno alikuwa mwanafunzi, msichana anayeitwa Kanyere. Mara ya kwanza plasta ilinishuka kooni nikatapika juu ya koti lake. Meno ya kwanza yalinikwaruza, akasugua, yakakwaruza fasi nyingine, akasugua tena. Monsieur Paluku alikuwa akimsimamia nyuma, anasema, "Polepole. Huyu ni mutu, hapana mbao." Siku ya mwisho Kanyere akaniambia niseme fa, fe, fi, fo, fu, maana hivyo ndivyo wanavyopima kama jino limekaa mahali pake. Nikasema. Yeye akalia kabla yangu, kwa kuwa yalikuwa meno yake ya kwanza kutoka mkononi na kuingia mdomoni mwa mtu. Hawakuniomba malipo. Waliniomba nirudi baada ya mwaka, wanafunzi waone jinsi ufizi unavyobadilika. Nilirudi.

Nikiwa na meno mapya niliingia ofisini kwa Directeur Kambale. Alinitazama mdomo, akafungua kabati, akanipa chaki. Nimefundisha miaka mingi tangu hapo. Meno nimebadilisha mara mbili, na mara zote mbili nilienda na karatasi.

Sasa nisikilize vizuri, mwanangu, maana nisingetaka uondoke na hadithi tu. Usinunue meno ya mdomo wa mtu mwingine, hata yakiwa mazuri, hata ukipewa bure. Mdomo mmoja haufanani na mwingine, na kinachofichwa chini yake kinaendelea kuoza. Ukikosa uwezo, tafuta hospitali yenye watu wanaojifunza kazi hiyo. Wanahitaji mdomo wako kama wewe unavyohitaji mikono yao. Uliza kwa muuguzi, uliza kanisani, uliza mtu yeyote mzee unayemwona anakula mahindi ya kuchoma, usimwonee haya. Nenda kwanza mtaani kwako uchukue karatasi kabla ya kusafiri, usije ukarudishwa njiani. Watakapokuambia ungoje ufizi upone, ngoja. Wakikuambia urudi kusuguliwa, rudi, hata mara tano. Na siku utakayoandikwa kwamba huna kitu, kumbuka ni karatasi inayosema hali yako ya leo. Haisemi baba yako alikuwa nani wala wewe utakuwa nani kesho. Mimi niliona aibu kusema ukweli kwenye benchi, ikanibidi niuseme mbele ya bunduki.

Kesho asubuhi nenda kwa chef. Kama unaogopa kukaa kwenye ile benchi peke yako, nitakuja nikae nawe, magoti yangu bado yananifikisha mpaka pale.

Mungu wa baba zetu akufungulie njia, akupe watu wa mikono ya taratibu, akuepushe na wenye kuuza tumaini ndani ya beseni. Akupe kula unachotaka, kuimba unapotaka, na kucheka mkono wako ukiwa umelala pajani. Amina, mwanangu. Enda salama.